Mwanangu, kuhusu huo mpira na habari ya kubeba mimba

Asalaam aleykum mama. Meseji yako nimeipata, nikasema hii siijibu kwa voisi maana huku Ujiji leo mtandao unakatakata, ntaandika tu hata kama itakua ndefu, we soma taratibu na mumeo asome.

Umeniuliza mambo matatu. Mnataka mtoto na wewe una mpira kichwani tangu uko mchanga, ule wa kupunguza maji ya ubongo wanaouita shunt, je tumbo likikua si litauminya. La pili si bora uutoe kwanza ndo ubebe mimba. La tatu mama mkwe kasema mtoto atazaliwa na kichwa kikubwa kama ulivyozaliwa wewe.

Naanza na hilo la mkweo kwa sababu ndo limenichoma. Simkosei heshima, ni mtu mzima na amekupokea vizuri, ila hapo kaongea asilolijua. Wewe hukuzaliwa na kichwa kikubwa. Kichwa chako kilikua cha kawaida kabisa na kadi ninayo mpaka leo. Ulipata homa ya uti wa mgongo hata arobaini hatujatoka, ukachomwa masindano homa ikaisha, alafu baadae ndo nikaanza kuona utosi umetuna hata ukiwa umepakatwa umetulia, mishipa ya kichwani imejichora, macho yanaangalia chini tu, na kila wakikupima kichwa na utepe kimeongezeka kuliko inavyotakiwa. Majirani walisema waliyosema, sitaki hata kuyarudia. Tukapanda treni kwenda hospitali ya Muhimbili, Dar es Salaam.

Kule daktari alituchorea kwenye karatasi, na mimi sijasoma sana lakini ule mchoro nimeushika. Ndani ya ubongo kuna vyumba vinne vya maji. Maji hayo yanatengenezwa humohumo, kwa mtu mzima kama nusu lita kwa siku, lakini yanayokaa kwa wakati mmoja ni kama mililita 150 tu, kwaiyo yanatengenezwa yananyonywa, yanatengenezwa yananyonywa, siku nzima yanabadilika zaidi ya mara tatu. Yanapita kwenye vinjia vyembamba, yanazunguka ubongo na uti wa mgongo, alafu yanarudi kwenye damu. Ile homa iliacha makovu kwenye njia, maji yakakosa pa kupita na kutengenezwa hakusimami, ni kama mtaro wa mtaa wa Mwanga umeziba na mvua bado inapiga. Mifupa ya mtoto haijafunga ndo maana kichwa kinatanuka. Kwa mtu mzima kama wewe mifupa imeshafunga, haitanuki, presha yote inabaki inaukandamiza ubongo, na hili ulikumbuke maana ntalirudia huko chini.

Sasa kovu la ugonjwa mama halirithiwi. Ipo aina ya kurithi, ni ya nadra, inapitia kwa mama na inawapata zaidi watoto wa kiume, ila yako sababu inajulikana na imeandikwa. Mwambie mkweo hivyo kwa adabu, au mumeo amwambie, itapendeza zaidi akisema yeye.

Kuhusu kuutoa, hapana. Huo mpira unatoa maji kwenye chumba cha ubongo, unapita kwenye valvu hiyo ndogo, yaani kilango cha maji, unayoishika nyuma ya sikio, unashuka chini ya ngozi shingoni na kifuani mpaka tumboni, maji yanamwagika humo yananyonywa na mwili. Hakuna anayeweza kukuangalia kwa macho akajua kama ubongo wako sasa ivi unaweza kujitegemea bila huo mpira, na wapo watu walikaa nao miaka na miaka wakajiona wazima kumbe bado unafanya kazi yote. Na wewe una bahati mwanangu, ulibadilishiwa mara moja tu ukiwa darasa la kwanza, wenzio tuliokua nao wodini walirudishwa rudishwa, maana kwa watoto karibu nusu ya hiyo mipira inapata hitilafu ndani ya miaka miwili ya kwanza.

Najua utauliza kwa nini wengine hawana mpira na walitobolewa tu. Hiyo ni njia nyingine, wanaingiza kikamera wanatoboa tundu chini ya chumba cha tatu, maji yanapata njia mpya. Kule Mbale Uganda daktari Mmarekani anaitwa Benjamin Warf alianza kutoboa tundu na papohapo kuchoma ile nyama inayotengeneza maji, kwa vichanga, kwa sababu aliona mtoto wa kijijini mpira ukiziba usiku hospitali iko mbali anaweza kufa. Mimi mtu wa Kigoma hiyo akili naielewa sana. Ila wewe ulipoumwa hapa kwetu hiyo haikuwepo, na makovu ya homa yanaweza kufanya tundu lisisaidie. Kama siku moja mpira wako ukizingua daktari wa upasuaji wa ubongo anaweza kuliangalia hilo, ni uamuzi wake na wako, sio wa kuamua ukiwa mzima.

Haya, mimba. Mamako mdogo wa Kasulu, yeye ni nesi wa kliniki ya wajawazito unajua, nimempigia tumeongea mpaka salio likaisha. Anasema wanawake wenye mpira wanabeba na wanajifungua, wengi tu salama, na kuwa na mpira unaofanya kazi peke yake sio sababu ya kupasuliwa, unaweza kusukuma. Ni kweli tumbo likikua, hasa miezi ya mwisho, presha ya ndani ya tumbo inapanda na maji yanaweza kushuka kwa shida, wengine wanapata kichwa kuuma kinachoisha wakishajifungua. Wengine mpira unaziba kabisa na hapo ni kupasuliwa kuutengeneza hata kama una mimba, na inafanyika.

Shida kubwa ni hii, na hapa ndo nataka usome mara mbili. Dalili za mpira kuziba, yaani ile presha niliyosema ikikandamiza ubongo, ni kichwa kuuma hasa asubuhi au ukilala, kutapika, kuona vitu viwiliviwili, usingizi usio wa kawaida, degedege. Sasa mjamzito gani huku kwetu hatapiki? Hospitali watakwambia ni mimba. Kipimo kikisoma malaria wanakupa dawa unarudi nyumbani. Presha ya damu ikiwa juu watasema ni kifafa cha mimba, na kweli inaweza ikawa hicho, lazima wapime presha na mkojo usikatae, lakini vikitoka safi na kichwa bado kinauma usikubali kurudi nyumbani. Sema kwa sauti NINA MPIRA KICHWANI, wakuandikie kwenye kadi ya kliniki ukurasa wa mbele kwa peni nyekundu kabisa. Na mumeo ajue kusema hivyohivyo, maana ukishalewa usingizi huwezi kujisemea. Kuibonyeza valvu na kidole kuona kama inarudi usitegemee, inadanganya. Na homa pamoja na wekundu kwenye njia ya mpira, hiyo ni maambukizi, nenda siku hiyohiyo.

CT scan ya kichwa usiiogope kwa ajili ya mtoto, mionzi inayomfikia tumboni ni kidogo sana, MRI, ile picha isiyotumia mionzi, ikipatikana ndo bora zaidi. Cha muhimu wawe na picha ya zamani ya kulinganisha, kwa sababu vyumba vyako havijawahi kurudi saizi ya kawaida, daktari mgeni akiona picha moja atashtuka bure au ataona kawaida kumbe vimeongezeka.

Kabla hujashika mimba nenda hospitali ya Bugando hapo Mwanza kamuone daktari wa ubongo, alafu uanze foliki asidi ya 0.4 mg kila siku, usisubiri kliniki. Mgongo wa mtoto unajifunga ndani ya siku 28 tangu mimba kutunga, hapo wengi hata hawajajua. Hii sio kwa sababu yako, ni kila mwanamke, maana mgongo wazi ndo unaoletaga kichwa kikubwa kwa watoto wengine. Ila usijinunulie vya 5 mg famasi ukadhani vingi ndo bora, mamako mdogo anasema vinapunguza nguvu ya zile SP za kuzuia malaria, na Mwanza mbu unawajua. Dozi kubwa ni kwa wenye sababu, mfano anayekunywa dawa za kifafa, na huyo kama ni sodiamu valproeti amuone daktari abadilishiwe kabla ya mimba, asiache mwenyewe ghafla. Wewe dawa zako za kifafa uliachishwa na daktari zamani kwaiyo halikuhusu.

Ikitokea ukapasuliwa kuzaa waambie mapema mwisho wa mpira uko tumboni ili wauangalie wasiukate, na mtu wa ganzi naye ajue kabla hajachoma sindano ya mgongo.

Bahasha ya picha zako zote ntampa konda wa basi la Jumamosi linalopita Kasulu na Nyakanazi, imefungwa na gazeti alafu nailoni, na chupa ya mawese humohumo kwenye boksi. Umpokee stendi mwenyewe, usimtume mtu.

Mamako, Ujiji