Kwa nini wachezaji tenisi wapigao mipira mizito hung'ara Gstaad ilhali uwanja ni wa udongo?

Ndugu, umeuliza inakuwaje mtu kama Berrettini, mchezaji wa Italia mwenye mpigo wa kuanzisha kama risasi, atambe kwenye udongo unaosemekana kupunguza kasi. Jibu ni mwinuko. Gstaad iko kwenye milima ya Alps, Uswisi, kama mita 1,050 juu ya usawa wa bahari. Hewa huko ni nyepesi, kwa hiyo mpira haupati upinzani mkubwa: unakwenda kasi zaidi, na mzunguko wake hauushushi chini upesi kama kwenye udongo wa Roma au Paris, miji ya chini. Mzoefu wa kukaa nyuma na kurudisha kila kitu anajikuta mipira yake inatoka nje, na ya mpinzani inamfikia kabla hajajipanga.

Tazama waliobeba kombe la mashindano ya hapo. Berrettini alipata taji lake la kwanza la ATP (ziara kuu ya tenisi ya wanaume) hapo mwaka 2018, akarudia 2024. Mwaka 2025 akaja Bublik wa Kazakhstan, mtu ambaye hakuwa na taji hata moja la ATP la udongo, akashinda Gstaad, kisha wiki iliyofuata akachukua na Kitzbühel, Austria, mji mwingine wa milimani.

Ila usiseme mabingwa wa udongo hawana chao pale. Ruud wa Norway, mmoja wao, alishinda 2021 na 2022, na fainali ya pili alimfunga huyohuyo Berrettini.

Halafu hapo ndipo Federer alipozawadiwa ng'ombe mwaka 2003, baada ya kushinda Wimbledon. Ng'ombe mzima, si sanamu!