Funguo za SSH na tishio la kompyuta za kwanta
Ndugu, umeuliza kama ubadilishe leo funguo za RSA (mbinu ya saini za kidijitali) za seva zako unazoingia kwa SSH, njia salama ya kuingia kwenye kompyuta iliyo mbali, kwa kuhofia kompyuta za kwanta. Nakushauri uanze na njia ya kukubaliana ufunguo wa siri (jinsi kompyuta yako na seva zinavyopata siri ya pamoja), si saini (ya kujithibitisha unapoingia), kwa sababu anayenasa mawasiliano yako sasa anaweza kuyahifadhi hadi apate mashine ya kuyafumbua, ilhali saini ya kuingilia haiwezi kughushiwa kwa kurudi nyuma.

Mbinu ya kukubaliana ufunguo ya Diffie na Hellman ya mwaka 1976 hutegemea hesabu ambayo kompyuta za kawaida huishindwa. Mwanahisabati Peter Shor alionyesha mwaka 1994 kwamba kompyuta ya kwanta yenye uwezo wa kutosha ingeitatua upesi pamoja na ile ya RSA, hivyo kurefusha ufunguo wa RSA kutoka biti 2048 hadi 4096 si kinga. Kwa hiyo sakinisha OpenSSH (programu ya SSH) toleo la 10.0 au la baadaye, kwenye seva na kwenye kompyuta unayoingilia pia, kwani huanza lenyewe na mchanganyiko wa X25519 (mbinu ya aina ya Diffie na Hellman) na ML-KEM (mbinu mpya ya kuhimili kompyuta za kwanta), ambayo Marekani iliipitisha kuwa kiwango rasmi Agosti 2024. Mchanganyiko huo naupenda kweli: mbinu moja ikivunjwa, nyingine ingali inalinda. AES ya biti 256, inayosimba data yenyewe, iache ilivyo.