Maswali yenu kuhusu Trauner, mtu wa Budapest aliyejenga Paris ya uongo

Nilimgusia juujuu tu Alexandre Trauner, mbunifu wa seti kutoka Hungaria, meseji zikamiminika. Haya, leo ni yeye tu.

Kazi yake ilikuwa nini hasa? Si ndo kupanga makochi na mapazia? (Msomaji, Mwanza)

Hapana bwana, makochi yana mtu wake. Prodakshen dizaina ndo anaamua dunia nzima ya muvi ikaeje, jengo liwe na ghorofa ngapi, korido iwe nyembamba au pana, dirisha likae wapi, anachora halafu mafundi wanajenga. Cheki Le Jour se lève ya 1939, muuaji kajifungia chumba cha juu kabisa kwenye jengo refu lililosimama peke yake, na watu wamejaa chini wanamwangalia. Ile ni seti ya Trauner. Lingekuwa jengo fupi la kawaida muvi ingepwaya, ila kwa urefu ule Jean Gabin, ndo anayecheza muuaji, hajafungua hata mdomo na we ushajua huyu hatoki.

Alisomea filamu wapi? (Dada wa Nakuru)

Hakusomea dada. Alisoma uchoraji Budapest, alikozaliwa 1906, na 1929 akaenda Paris akawa msaidizi wa Lazare Meerson, mkali wa seti wa enzi hizo. Baadaye akaungana na dairekta Marcel Carné na mshairi Jacques Prévert, na hapo ndo moto ukawaka. Kwenye Hôtel du Nord (1938) mfereji wa Saint-Martin upo palepale Paris, unaenda kwa miguu, lakini wao wakaujenga upya studio pamoja na hoteli yenyewe!

Eti alifanya muvi akiwa mafichoni, kweli au chai?

Kweli kabisa. Trauner alikuwa Myahudi na Wajerumani wameshaikalia Ufaransa, kwa hiyo Les Enfants du paradis aliichorea mafichoni, wenzake kina Léon Barsacq ndo wakawa wanaonekana mbele ya watu. Mwanamuziki Joseph Kosma naye vilevile, Mhungaria, Myahudi, kajificha. Muvi ikatoka 1945.

Ile ofisi kwenye muvi ya The Apartment ilikuwa kubwa kiasi gani?

Ndogo kuliko unavyoiona, na hapa ndo namvulia kofia. Dairekta Billy Wilder alitaka ofisi isiyo na mwisho, sasa Trauner akapanga meza za mbele saizi ya kawaida, zinazofuata ndogo kidogo, za nyuma vimeza kabisa, na huko nyuma wakakaa watu wafupi na watoto waliovalishwa suti. Kamera ina jicho moja, haijui umbali, ikadanganyika, na sisi tukadanganyika nayo. Muvi ni ya 1960, na ndo iliyompa Oscar.

Alishawahi kufika Afrika? (Msomaji, Bukavu)

Muvi zake zilifika. The Nun's Story ya Fred Zinnemann, ile Audrey Hepburn ni mtawa nesi, walienda kushuti Stanleyville, yani Kisangani ya leo, 1958, Kongo bado ya Mbelgiji. Nyumba ya watawa ya Ubelgiji wakaijenga Roma. Halafu The Man Who Would Be King (1975), stori ni ya milima ya huko Afghanistan ila imeshutiwa Morocco, nayo ikamfikisha tena kwenye orodha ya Oscar.

Sisi bajeti hamna kaka, huyu anatusaidia nini? (Dairekta mchanga, Dar)

Tafuta muvi ya Othello ya dairekta Orson Welles, seti ni za Trauner. Wako Mogador, Morocco, hela ya mawazo, na nguo za waigizaji hazijafika. Wakahamishia tukio la mauaji kwenye bafu la mvuke, kwa sababu bafuni mtu anajifunga taulo tu. Mvuke, mwanga unapenya kwenye mbao, upanga unachoma kutoka juu, basi. 1952 ikabeba tuzo kubwa ya Cannes. Kwa hiyo kabla hujakopa hela ya kukodi jumba la Masaki, kwanza zunguka mtaani kwako uone kuna nini.