Mjomba anasema hatuna ndugu Marekani

SWALI: Shikamoo Bibi. Nina miaka 50, nimezaliwa Machi 1975. Marehemu mama aliniambia baba yangu alikuwa baharia wa Mombasa, meli ikazama. Mwaka jana binti yangu anayeishi Uingereza alinipima vinasaba kwa mate. Akatokea mama wa Detroit, Mmarekani mweusi, tunachangia kama robo. Anasema ni dada yangu kwa baba, na Desemba anakuja. Mjomba aliyenilea ana miaka 82. Nilipomweleza alisema, "Sisi hatuna ndugu Marekani," akaongeza sauti ya redio. Nifanyeje?
– Msomaji, Magomeni

JIBU: Marahaba, mwanangu. Hesabu miezi tisa kurudi nyuma kutoka Machi 1975, unaangukia Juni 1974. Mwezi huo Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, Ukumbi wa Nkrumah, ulifanyika Mkutano wa Sita wa Umajumui wa Afrika, Mwalimu Nyerere akaufungua. Mimi nilikuwa mpiga taipu pale. Wamarekani weusi walikuja wengi, nywele zimetimka, kila mtu wanamwita "ndugu" hata mfagizi. Sisemi ndivyo ilivyokuwa. Nasema huyo baharia namtilia shaka.

Ila usikimbilie neno dada. Shangazi, yaani dada wa baba tumbo moja, naye huchangia kama robo hiyohiyo. Kwa robo hiyo pekee mashine haiwatofautishi, kwetu shangazi ni mtu mwingine kabisa, ana kauli hata kwenye posa ya binti yako. Muulize mgeni amekuzidi miaka mingapi, baba yake alizaliwa lini, na kama aliwahi kufika Dar.

Sasa mjomba. Huyo hakatai ndugu, anamsitiri dada yake. Binti wa watu kuzaa nje ya ndoa miaka ile, maneno ya mtaa aliyabeba kaka. Wewe umemwendea na majibu ya mate! Nenda tena baada ya alasiri, na kahawa na kashata, simu iache nyumbani. Usimuulize baba yako ni nani. Muulize, "Mjomba, mama alikuwa anafanya kazi wapi mwaka 74?" Kisha nyamaza. Akikwambia njoo kesho, nenda kesho.

Desemba ikifika hajasema, mgeni alale kwako, si hotelini. Mfundishe shikamoo kwa simu kuanzia sasa, na umpeleke kwa mjomba kumsalimia kama mgeni mwingine yeyote. Mzee atamwangalia uso mwenyewe.

Niandikie Januari.