Mraba mmoja kwenye turubai nyeupe: mbona unaonekana haujamalizika?

Umeuliza uongeze rangi gani ili picha yako ya mraba mmoja isionekane tupu, na pia uboreshe vipi onyesho lako la kukaa kimya mbele ya watu. Tuanze na picha. Usiongeze. Vitu vikiwa vichache, jicho halina pa kukimbilia, hivyo kila dosari ya uso na ya kingo hujitokeza.

Anza na uso: piga rangi ya msingi mikono mitatu au minne, kila mmoja ukikauka upitishe msasa laini. Kisha tofautisha weupe. Mchoraji Kazimir Malevich mwaka 1918 alichora mraba mweupe juu ya weupe; unaonekana kwa sababu mraba una ubaridi kidogo (unaelekea buluu), mandharinyuma yana ujoto (yanaelekea manjano), na mraba wenyewe umeinama. Wewe tia tone la buluu kwenye nyeupe moja, tone la manjano ya udongo kwenye nyingine. Tone kweli, si kijiko.

Rangi ikivuja chini ya tepu unayobandika ili kunyoosha kingo za mraba, baada ya kuibandika pitisha kwanza rangi ileile ya chini (akriliki), ikauke, ndipo upake ya juu. Ng'oa tepu kabla rangi haijakauka kabisa.

Kuhusu onyesho lako la kukaa kimya: ondoa muziki na mavazi ya kung'aa, chagua tendo moja. Msanii wa maonyesho Marina Abramović, New York 2010, alikaa kimya akitazamana na mgeni mmoja mmoja; alianza akiwa na meza kati yao, baadaye akaiondoa hata hiyo. Kinachoharibu zaidi ni kujikuna na kuangaza macho huku na huku, kwa hiyo fanya mazoezi ya dakika 20 ukiwa umejirekodi.