Tamaa ilivyonifanya nibaki peke yangu

Mkuu, umeuliza kama baba yako mdogo, mwenye mali nyingi na nyumba isiyobishwa hodi, amekimbiwa na watu kwa wivu wao au kwa tamaa yake. Yeye simjui. Najijua mimi, maana nimeishi hivyo miaka kumi na mitano.

Baba alipofariki, mimi mkubwa nikashika hati zote. Wadogo zangu watatu waliniamini. Sikuwadhulumu kwa siku moja: niliwaambia subirini, kuna deni halijaisha, kuna karatasi haijatoka, huku kiwanja kimoja kimoja kikihamia kwenye jina langu. Hakuna aliyenitukana. Laiti wangenitukana! Walianza tu kunijibu kwa adabu, kama anavyojibiwa mgeni: "Tumesikia, kaka. Tunashukuru, kaka." Ikafika mahali nasikia msiba wa ukoo baada ya mazishi.

Ila si wao walioanza kujitenga, ni mimi. Mtu aliyezoea kupiga hesabu ya kila kitu huwapigia hesabu na watu. Rafiki akija kunijulia hali, nilikaa nikingoja ataje shida yake. Asipoitaja, nilidhani anaitunzia siku nyingine. Niliwaona wote kama mimi. Waliobaki walikuwa watu wa faida, na hao niliwachagua mwenyewe.

Kisha nikaugua, nikalazwa. Muuguzi akauliza namba ya ndugu aandike kwenye fomu. Nikampa ya kijana anayenikusanyia kodi za nyumba, ninayemlipa mshahara. Usiku ule sikulala. Baadaye nilisoma kuhusu utafiti wa Chuo Kikuu cha Harvard, unaofuatilia maisha ya watu tangu 1938, kwamba watu wa karibu humtunzia mtu afya na furaha uzeeni kuliko fedha. Mimi nilikuwa nimeshalisoma kwenye fomu ile.

Nilipopona nilimpelekea mdogo wangu wa mwisho hati yake. Akaisoma, akaniuliza, "Kaka, unaumwa tena?" Alidhani nakaribia kufa. Hatujarudi kuwa kama zamani. Watoto wake wananiamkia, kisha wanaondoka.

Kwa baba yako mdogo, usiende na ombi lolote, hata dogo. Kaa naye, zungumzeni, uage uondoke. Mara ya kwanza atakutilia shaka, na ya pili pia. Nenda ya tatu.