Akili inapopanda mlima: maswali na majibu

Niliteleza kwenye ukuta wa Barranco, mwamba wa kukwea huko Kilimanjaro, dunia nzima ikaenda taratibu. Hofu huupa ubongo kasi? (Kijana, Majengo, Moshi)

Hapana. Stetson, Fiesta na Eagleman walilipima hilo Marekani, wakachapisha mwaka 2007. Watu waliachiwa kutoka juu, mita 31, wakadakwa na wavu, mkononi wamefungwa kifaa chenye tarakimu zinazomulika upesi mno kusomeka. Wakiwa hewani hawakuzisoma vizuri kuliko wakiwa chini. Ila walipokadiria muda wa kuanguka kwao, waliuona mrefu kwa asilimia 36 kuliko wa wenzao. Watafiti wanaona ni kumbukumbu: ukiogopa hushika mengi, na ukiyarudia unadhani muda ulikuwa mrefu.

Binti yangu anataka kupanda Kilimanjaro. Eti watu huchanganyikiwa kule juu? (Mama, Njiro, Arusha)

Ni kweli, mama, na natamani kila familia ilijue hili kabla ya kulipia safari. Kileleni Uhuru, mita 5,895, kila pumzi ina takriban nusu ya oksijeni ya pwani. Umakini hufifia mapema: mtu anafunga kamba za kiatu kimoja, cha pili anakisahau, anaulizwa jina la kambi, anakaa kimya, kisha anasema yuko sawa. Neno lake lisitoshe. Atembee mstari mnyoofu, kisigino kikigusa vidole. Akiyumba au akipayuka, huenda ubongo umeanza kuvimba. Ashushwe saa hiyo hiyo, hata kama ni usiku wa manane na Stella Point, kituo cha mwisho kabla ya kilele, iko karibu. Asiachiwe yeye aamue, maana akili ya kuamulia ndiyo iliyoguswa. Mchagulieni njia ya Lemosho ya siku nane, si ya Marangu ya siku tano, ili mwili uzoee.

Mbona ukitazama chini panaonekana mbali hivyo? (Sakina, Arusha)

Kwa kawaida tukiwa juu tunauzidisha urefu, kuliko tukiutazama kutoka chini. Anayeogopa huzidisha zaidi.

Nikitoka kutembea chini ya Mlima Meru, kichwa kinakuwa chepesi. Ni hewa tu? (Mwalimu, Usa River)

Si hewa tu. Rachel na Stephen Kaplan walieleza kwamba umakini wa kujilazimisha, kama wako ukisahihisha madaftari, huchoka. Msituni mbega akiruka, macho humfuata yenyewe, na ule uliochoka unapumzika. Mwaka 2012 Atchley na Strayer waliwapima watu waliokaa porini siku nne bila simu. Kwenye jaribio la ubunifu waliwazidi kwa asilimia 50 wenzao waliopimwa kabla ya kuondoka. Watafiti wenyewe walikiri hawawezi kutenganisha kazi ya msitu na ya kukosa simu, kwa hiyo mwalimu, yako izime ukishafika getini.